Kasida Ikipita Mtaani

Kasida ya Burda niliijua nikiwa nimekaa. Kule kwetu Tanga mtoto wa chuoni hukutana na kasida mkekani: magoti yamekunjwa, watu wazima wameegemea ukuta, udi unafuka, na maneno ya al-Busiri yanatoka kwa msomaji kwenda kwa waitikiaji na kurudi. Watu walikuwa wakiyumba, nami nikiyumba nao. Sikuwahi kujiuliza kwa nini. Nilidhani ni mazoea tu, au ni dawa ya usingizi kwa wanaosoma hadi usiku wa manane.

Ukubwani ndipo nilipokisikiliza vizuri kisa cha kasida yenyewe. Al-Busiri, mshairi wa Misri wa karne ya 13, alipooza upande mmoja wa mwili. Masimulizi yanasema alitunga kasida ile kitandani, akaisoma na kulia, akalala, akamwota Mtume akimpangusa kwa mkono na kumfunika joho lake. Akaamka akasimama. Asubuhi akatoka nje bila kumwambia mtu yeyote habari ya shairi wala ya ndoto, na njiani akakutana na fakiri aliyemwomba ampe ile kasida. Kasida ipi? Ile ya ugonjwani, fakiri akajibu, na akamsomea mwanzo wake. Alikuwa ameiota usiku uleule ikisomwa mbele ya Mtume, na Mtume akiyumba kwa kuridhika nayo.

Ukitaka kiite tarehe, ukitaka kiite hekaya. Mimi kilichonishika ni jinsi kisa kilivyopangwa. Mwili uliokufa ganzi unatembea, mtunzi anatoka nyumbani, na msikilizaji wa kwanza hamkuti msikitini wala kwenye baraza la wanazuoni, anamkuta barabarani. Na dalili kwamba shairi limekubaliwa si neno la sifa, ni mwili ulioyumba. Nikaona basi kwamba nimelisoma shairi hili miaka yote nikiwa nimelikata miguu, na kwamba kama kuna mahali pa kuona kasida ikitembea, basi ni Lamu, kwenye zefe, maandamano ya Maulidi ya Msikiti wa Riyadha.

Basi la kutoka Mombasa hupita Malindi, Garsen na Witu, na baada ya Garsen safari huwa ya kuteremka na kupanda: vizuizi vya askari, vitambulisho mkononi, watu wamepanga foleni kando ya barabara huku basi likipekuliwa. Siendelei na hayo, kila aliyekwenda Lamu kwa barabara anayajua. Niseme tu kwamba Mfungo Sita ulikuwa unaelekea ukingoni, na nusu ya abiria walikuwa na safari moja nami. Vijana wa madrasa walikuwa wamepakata matari yaliyofungwa kwa leso, na kila basi liliporuka kwenye shimo waliyakumbatia kifuani. Mokowe tukapanda boti. Kule ng'ambo mji ukaanza kuonekana, mapaa na minara, na mmoja wa wale vijana akaanza kupiga kwa vidole juu ya ubao wa boti. Wenzake wakaitikia. Nahodha akapunguza mwendo, labda kwa ajili ya maji kupwa.

Mji wa kale wa Lamu, ulioingizwa na UNESCO kwenye orodha ya urithi wa dunia mwaka 2001, wenyewe huugawa pande mbili: Mkomani kaskazini, penye majumba ya mawe ya koo za zamani, na Langoni kusini. Riyadha iko upande wa Langoni, na hilo si jambo la bahati. Sayyid Swaleh bin Alawi Jamalil-Layl, ambaye watu humwita Habib Swaleh, mzaliwa wa Ngazija, alifika Lamu akiwa kijana katika karne ya 19 na akakaa na watu ambao waungwana wa mji hawakuwaona kuwa ni watu wa kusomeshwa: waliotoka utumwani na watoto wao, watu wa bara, na wahamiaji maskini wa Hadhramaut. Aliwasomesha. Akawaingiza kwenye maulidi. Msikiti wake huu wa Riyadha ulijengwa karibu na mwaka 1900, na ndani yake tari likapigwa, jambo lililoleta mzozo ambao mwangwi wake haujatulia hadi leo.

Maulidi yanayosomwa pale si ya Barzanji, ambayo wengi wetu tumekulia nayo, bali ni Simtud-Durar ya Ali bin Muhammad al-Habshi (1843–1915) wa Seiyun, Hadhramaut. Ni nathari yenye vina inayokatizwa na kasida, na ilipofika Lamu ikakutana na watu waliokuwa na ngoma zao, miondoko yao na njia zao za kusimama safu. Habib Swaleh alifariki mwaka 1935. Waliofuata wakaendeleza, na maulidi yale yakawa ya kuwaleta watu kutoka Unguja, Komoro, Uganda na kwingineko.

Mwenyeji wangu ni mchonga milango. Karakana yake iko kwenye kijia cha nyuma, na vumbi la mbao lilikuwa limemkaa kwenye nyusi alipokuja kunipokea. Nilimweleza nilichokuja kutafuta. Akanisikiliza hadi mwisho, kisha akaniambia nikalale, kwani usiku ungekuwa mrefu na kesho yake kuna kutembea.

Usiku ule Riyadha ilijaa hadi nje, mikeka imetandikwa kwenye uwanja, wanawake upande wao, watoto kila mahali. Sitausimulia wote. Niliangalia jambo moja tu: moto. Nyuma ya wasomaji, mbali na zulia, palikuwa na kijana aliyechuchumaa mbele ya kimoto cha maboksi yaliyochanwa. Ngozi ya tari hulegea kwa unyevu wa bahari, na tari lililolegea husema "bu" badala ya "di". Basi yeye alipokea tari moja baada ya jingine, akaligeuza uso chini juu ya mwali, akalizungusha, akalitoa, akaligonga kwa ukucha na kusikiliza sikio likiwa karibu kugusa ngozi. Kama halijafika, analirudisha. Likizidi, analipungia hewani. Hakuna saa wala kipimo. Na wakati wote huo midomo yake ilikuwa ikifuata kasida inayosomwa, na mabega yake yanakwenda nayo, hata kule kuzungusha tari juu ya moto kukawa kunaangukia penye mizani. Nilimwona akingoja mwisho wa ubeti ndipo alipenyeze tari kwa mpigaji. Hakulipeleka katikati ya ubeti hata mara moja.

Msomaji alipofika penye kuzaliwa kwa Mtume, wote wakasimama. Marashi yakamwagika vichwani. Hata kwenye usomaji wa kukaa, kumbe, shairi lina mahali pake pa kuuinua mwili, na mimi nimesimama pale tangu utotoni bila kulitia maanani.

Kulipokucha, baada ya ziara kwenye kaburi la Habib Swaleh, zefe likajipanga. Bendera zilizotariziwa mbele, kisha vikundi vya madrasa, kila kimoja na sare yake na matari yake, kisha watu wazima waliovaa kanzu, koti na kofia, bakora mkononi. Hatua yake ni ndogo kuliko unavyodhani. Mguu wa kulia unakwenda, kiwiliwili kinaegemea kulia. Wa kushoto unafuata, kiwiliwili kinarudi. Nilijiunga na safu ya mwenyeji wangu na mara nikawa nimempita mtu wa mbele yangu kwa bega zima. Mzee wa pembeni akaniwekea bakora yake kifuani, kwa upole.

"Wata haraka, mwanangu. Ndia haitoroki."

Nikapunguza. Na nilipopunguza ndipo masikio yakafunguka. Ukwapi wa ubeti, nusu ya kwanza ya mstari, ulikuwa unausukuma mwili upande mmoja na utao, nusu ya pili, unaurudisha. Kina cha mwisho kilikuwa kinaanguka mguu ukiwa chini, si hewani. Pale penye silabi ndefu, ile ambayo mkekani tuliivuta kwa pumzi tu na kila mtu akaivuta kwa kadiri ya pafu lake, hapa ilivutwa kwa goti: goti linakunjika taratibu, safu nzima inashuka kidogo, kisha inapanda. Huwezi kuikatisha silabi ile kwa sababu mtu wa kulia kwako bado yuko chini. Mizani niliyofundishwa kwa kuhesabu vidole ilikuwa sasa imeshikwa na mabega ya wenzangu, na ilikuwa sahihi kuliko vidole vyangu vyote.

Nilimuuliza mwenyeji wangu, katikati ya mwendo, ubeti tulio nao unasemaje. Kiarabu anakisoma, maana, aliniambia, anajua hapa na pale. "Huu ni wa kuinama," akajibu. Nikadhani ananikwepa. Hatua chache mbele safu ikainama, mikono ikaenda kifuani, jina la Mtume likatajwa. Ubeti uliofuata alinitangulia tena: "Huu wa kupandisha." Bakora zikapanda. Alikuwa na kasida nzima kichwani kwa mtindo huo, mahali pa kuinama, mahali pa kupandisha, mahali pa kugeukiana uso kwa uso na safu ya pili. Mwanafunzi wa fasihi angesema huyu hana maana ya shairi. Mimi sisemi hivyo. Alijua shairi linapoomba na linaposifu, linapojishusha na linapofurahi, na alijua kwa uhakika ambao mimi, mwenye tafsiri mfukoni, sikuwa nao.

Halafu zefe likaingia njia nyembamba.

Njia za Lamu zilijengwa kwa ajili ya watu na punda, na punda wawili wenye shehena hawapishani bila mmoja kusogea. Kuta ni za matumbawe, nene, ndefu. Kwenye madaka ya nyumba, zile nafasi za mlangoni zenye mabaraza ya mawe, wazee wasioweza tena kutembea walikuwa wamekaa wakiitikia. Safu zetu za watu wanane zikawa za watu watatu, kisha wawili. Ule mwegemeo wa mwili ukawa hauna nafasi. Bega likigusa ukuta linarudi lenyewe. Kwa hiyo mwondoko ukapungua upana na kuongezeka nguvu, ukahama kutoka kiunoni kwenda kwenye visigino. Zefe likarefuka. Waliokuwa mbele walishafika kona na kuipinda, na sauti yao ikatujia imechelewa, ikifuatwa na mwangwi wake, hata ikawa sisi wa nyuma tunamaliza utao wakati wao wanafungua ukwapi unaofuata. Kwa sikio la darasani hayo ni makosa. Pale njiani yalitokea kama mapokezano mapya ambayo mtunzi hakuyaandika: ubeti mmoja ukijibiwa na mwenzake katika upana wa mtaa.

Chini ya wikio, kile chumba kinachopita juu ya njia kuunganisha nyumba mbili, sauti ilibadilika tena. Dari liko karibu na kichwa. Matari yaliyosikika makavu mtaani yakawa mazito, na kiongozi, mtu mwenye uzoefu bila shaka, akasimamisha hatua pale chini na kurudia kiitikio bila kusonga. Watu wakatabasamu. Walikuwa wanapangojea mahali pale. Baadaye niliambiwa kila kiongozi wa zefe ana mawikio anayoyapenda.

Juu, nyuma ya kingo za mapaa na kwenye milango iliyofunguliwa nusu, walikuwako wanawake. Zefe lenyewe ni la wanaume, na msafiri anayeishia hapo ataandika kwamba ushairi wa mtaani Lamu ni wa wanaume. Asiandike. Vigelegele vilitushukia kila tulipofika penye kupandisha, na havikukosea mahali hata kimoja, maana yake kasida wanayo wao pia. Tena mji huu una vugo, ngoma ya harusi ambayo wanawake hugonga pembe kwa vijiti na kuimba mashairi yao wenyewe, na kuna utenzi wa mwaka 1858 ambao Mwana Kupona binti Msham alimtungia bintiye, shairi la nyumbani kabisa, lililonakiliwa na kukaririwa na wanawake vizazi kwa vizazi. Karne iliyofuata, mwaka 1974, Ustadh Mahmoud Mau, ambaye amekuwa imamu wa Msikiti wa Pwani hapa hapa Lamu, alitunga Wasiya wa Mabanati, nao ukatembea kwa kanda za kaseti: nyumba moja inasikiliza, jirani anaazima, dirisha liko wazi na anayepita chini anapata beti mbili tatu. Leo mashairi hupita kwenye simu. Njia za mji huu zimezoea kubeba beti, zikiwa na miguu au bila miguu.

Tulipotokea ufukweni, mbele ya bahari, kila kitu kilifunguka kwa ghafla na, nisifiche, kilipoa. Safu zikawa pana tena, bendera zikashika upepo, wageni wenye kamera wakajipanga ukutani. Na pale ndipo kilipongojea kile kinachoniudhi: mkokoteni wenye jenereta na spika mbili kubwa. Naelewa sababu. Watu ni wengi na upepo wa pwani unameza sauti. Lakini spika ina mwendo wake. Kiongozi akishashika kipaza sauti hawasikilizi tena walio nyuma, anajisikiliza mwenyewe, na anayejisikiliza mwenyewe hukimbia. Dakika chache tu na goti lilikuwa halikunjiki tena. Ile silabi ndefu ikavutwa na mashine, sisi tukawa tunatembea tu, watu waliovaa vizuri wanaotembea pamoja. Yule mzee wa bakora alinitazama akatikisa kichwa. Shukrani ni kwamba jenereta lilizima. Kwa urefu wa beti kadhaa zefe likababaika, kisha matari ya watoto wa madrasa, ambayo hayakuwa yamesikika tangu tulipotoka mitaani, yakashika hatamu, na safu zikaanza kuyumba upya kutoka nyuma kwenda mbele.

Wako wanaosema yote haya ni bidaa: kwamba kumsifu Mtume hakuhitaji ngozi ya mbuzi wala kuyumba, na kwamba ibada haitembezwi mitaani. Hoja hiyo ni ya zamani kuliko msikiti wenyewe na mimi si mwanachuoni wa kuiamua. Nitasema moja kwa upande wa ushairi. Walioletwa kwenye elimu na Habib Swaleh wengi hawakuwa na Kiarabu, na mji haukuwa umewapa nafasi ya kukipata. Ungewapa kitabu peke yake, ungekuwa umewapa mlango uliofungwa. Tari, goti na njia viliwaingiza ndani ya kasida kabla ya sarufi, na wengi wao, na watoto wao, waliifikia sarufi baadaye. Wajukuu wa watu wale ndio sasa wanaoongoza zefe kupita mitaa ambayo mababu zao waliipita wamebeba mizigo ya wengine. Ukiwa kwenye safu, jambo hilo halihitaji kuelezwa.

Zefe lilipoishia Riyadha na dua kuombwa, watu wakatawanyika kula. Jioni kulikuwa na goma, wazee wamesimama safu na bakora zao wakienda kwa utaratibu ambao ungekufanya uone zefe la asubuhi kuwa mbio, na vijana wakapigana kirumbizi zumari likilia. Niliyatazama kidogo. Mwenyeji wangu alinivuta kwenye baraza moja karibu na ngome, kwa muuza kahawa, ambako palikuwa na kikao muhimu zaidi: wazee walikuwa wanalihukumu zefe.

Walilirudia lote, kona kwa kona. Pale penye wikio la kwanza, sawa. Pale njia inapopinda, madrasa ya mbele waliacha ubeti mzima. Nani aliuacha? Kijana mmoja, kofia mkononi, akajitetea kwamba walisukumwa kutoka nyuma.

"Hamukusukumwa. Mulikimbia," mzee wa bakora akasema. "Mato yenu yalikuwa kwenye simu."

Wakacheka, lakini mzee hakuwa amemaliza. Akaweka kikombe chini, akausoma ule ubeti ulioachwa, kwa sauti ya chini, mkono ukishuka penye silabi ndefu na kupanda. Kijana akaurudia. Mzee akamkatiza: umeshuka mapema. Akaurudia tena. Mwingine akadai kwamba mzee mwenyewe ndiye anayechelewa, na kwamba zamani, kwenye kona ileile, ubeti ule ulikuwa unaanza baada ya mlango wa nyumba ya pili, si wa kwanza. Hapo baraza zima likaingia kwenye mjadala, mlango upi, na nyumba ile ilikuwa ya nani kabla haijauzwa kwa Mzungu, na kama mlango uliopo sasa ndio ule wa asili au umehamishwa. Mchonga milango akaombwa atoe ushahidi. Akasema mlango ni mpya, anaujua aliyeuchonga, ila fremu haijasogezwa. Basi wakainuka, vikombe vikabaki juu ya jiwe, wakaenda kupima.